Redio Ndani ya Begi la Mtoto

Kanisani kwetu siku hizi vijana ndio wanaobeba mabegi ya watoto. Ibada ikiisha utamwona kijana wa tai na viatu vya kung'aa akitangulia mlangoni, begi begani, chupa ya maziwa imechomoza mfukoni, na mkewe nyuma anasalimiana na wenzake bila haraka. Wazee wenzangu wanaokaa kwenye benchi la nje hucheka. Mmoja wao husema, "Huyu naye ameolewa," kisha wote wananigeukia ili nicheke nao. Mimi sicheki. Hasira hunipanda. Juzi nilimwambia huyo mwenye mzaha afunge mdomo, papo hapo, mbele ya mchungaji. Wakasema uzee umeniharibu. Si uzee. Ni jambo nililolifanya nikiwa na miaka ishirini na saba, akili timamu na cheti cha sekondari sandukuni, na sijawahi kulieleza lilivyokuwa.

Mwanzoni mwa miaka ya sabini nilikuwa karani katika ghala moja bandarini Kisumu. Kazi yangu ilikuwa kuandika magunia yanayoingia na yanayotoka, na kwa sababu ya kalamu hiyo nilijiona mtu mkubwa. Mke wangu alikuwa Mragoli. Nilimkuta hapo hapo mjini akishona sare za shule kwa fundi mmoja. Hakujua Kijaluo, nami sikujua Kilogooli, lugha ya kwao, kwa hiyo nyumba yetu ya chumba kimoja ilisema Kiswahili. Kijaluo chake kilikuwa salamu, asante na maneno machache ya sokoni: samaki, chumvi, maji.

Binti yetu wa kwanza alipofika miezi miwili, mama yake aliota jipu kwenye titi la kushoto, kisha la kulia. Yakapasuliwa. Alipopona, maziwa yalikuwa yamekauka. Majirani walinong'ona kwamba anakataa kunyonyesha ili asiharibu umbo, na mimi niliyejua ukweli sikuwajibu hata mara moja. Muuguzi wa kliniki ndiye aliyemfundisha maziwa ya kopo. Mimi nilikuwa nje naegemea ukuta, maana kliniki ilikuwa mahali pa wanawake. Aliporudi aliniambia maneno ya muuguzi huyo kama mtu aliyekariri aya ya Biblia: ubaya wa maziwa haya si maziwa, ni maji. Maji yachemke mpaka yatokote, yasiguswe na kikombe cha mtu, na mtoto asipewe mengine hata tone.

Tangu siku hiyo hakutoka nyumbani bila begi. Lilikuwa begi la buluu la plastiki ngumu, lenye zipu, lisilopitisha mvua. Kulipanga ilikuwa kazi ya nusu saa. Kwanza alitandika karatasi ya nailoni chini. Juu yake nepi sita za taulo, zimekunjwa mara tatu na kulazwa kwa mpangilio mmoja, ili akiingiza mkono bila kutazama apate ncha ile ile. Pini alizichoma kwenye kipande cha sabuni. Nilimuuliza kwa nini, akasema pini iliyopita kwenye sabuni huingia nepi bila kukwama, na mtu mwenye haraka hamchomi mtoto. Chupa mbili zilizochemshwa alizifunga kwenye kitambaa cheupe. Unga wa maziwa ulikaa kwenye kopo dogo pamoja na kijiko chake cha kupimia. Halafu, upande wa kulia, wima, themosi ya maji ya moto, na leso kuukuu ikiviringishwa pembeni yake ili isianguke. Alipomaliza aligusa kila kitu kwa kidole na kukitaja kwa lugha yake, kama mwalimu anayeita majina darasani. Mimi nilikuwa kitandani na gazeti, nikimcheka.

Begi hilo sikulibeba. Mwanamume kubeba begi la nepi katika mitaa yetu ilikuwa kujitafutia jina. Tukitoka, nilitangulia hatua kumi mbele nikiwa na gazeti kwapani, naye alifuata na mtoto mgongoni na begi mkononi. Nikisikia mtoto analia nyuma yangu, niliongeza mwendo.

Mtoto alipofika miezi minne nilinunua redio ya betri, ukubwa wa tofali, yenye kasha la ngozi na mkanda wa kuvaa begani. Na mwezi huo huo mama yangu akatuma neno kwamba amengoja vya kutosha, mjukuu wake aletwe amwone. Mama aliishi Seme, ukishuka Kombewa unaelekea ziwani. Mawazo yangu yote yakawa kwenye redio. Nilijiona nikiingia boma letu, vijana wote wa kijiji wakija, mimi nikizungusha kitufe na sauti ikitoka. Mke wangu akaniambia redio itaharibika njiani, maana ulikuwa msimu wa mvua, na mvua ya kwetu haipigi hodi. Alisema kweli. Kitu cha pekee nyumbani kisichopitisha maji kilikuwa begi la mtoto.

Jumamosi asubuhi alilipanga kama kawaida, akagusa, akataja, akafunga zipu. Kisha akachukua ndoo akaenda kuoga. Nikafungua zipu. Nilijaribu kuilaza redio juu ya nepi, zipu haikufunga. Nikajaribu pembeni mwa chupa, haikuingia. Mahali palipokuwa na ukubwa wa redio ni pale pa themosi tu. Niliitoa, nikaisukuma chini ya kitanda, nikaisimamisha redio mahali pake na kuiviringishia leso ile ile.

Hapo ndipo nilipokumbuka desturi. Nilijiambia kwamba kwetu mgeni anayeingia nyumba ya mtu na maji yake mwenyewe amesema moja kati ya mambo mawili: kwamba nyumba ni chafu, au mwenye nyumba ni mchawi. Mama angejisikiaje, mbele ya majirani, mke wa mwanawe akiukataa mtungi wake? Desturi hiyo ipo, siisingizii. Lakini niliikumbuka baada ya redio kukosa nafasi, si kabla. Kwa miaka mingi, kila nilipoulizwa, nilianza na desturi na redio sikuitaja.

Ili asiusikie uzito tofauti, nilibeba begi mimi. Mke wangu alitoka akiwa amefunga mtoto, akaniona mlangoni begi mkononi, akasimama. Alitabasamu tu. Stendi ya basi kulikuwa na wapagazi walionijua kutoka bandarini. Mmoja akapaza sauti, "Bwana karani, siku hizi umeandikwa yaya?" Wenzake wakaangua kicheko. Siku nyingine ningelitupa begi chini. Siku hiyo nilivumilia, na mke wangu akafikiri navumilia kwa ajili yake.

Basi lilisimama Kisian kwa muda. Mtoto alipewa chupa aliyotengenezewa nyumbani, iliyokuwa imefungwa ndani ya shali ya mama yake, kwa hiyo begi halikufunguliwa. Alipokuwa akinyonya, mke wangu aliniegemea bega, jambo ambalo hakuwa akilifanya mbele za watu, akasema, "Leo umekuwa baba."

Nikamjibu kwamba nimekuwa baba miezi minne.

Kwa mama tulipokelewa kwa vigelegele. Mtoto alipita mikono kumi kabla hajafika kwa bibi yake. Mama alimtazama, akamgeuza, akamtemea mate kidogo kifuani kumbariki, akacheka na kulia pamoja. Vijana walikuwa wameshajaa mlangoni, kwa hiyo nilifungua begi upesi nikatoa redio na kuwapa wakaiweke chini ya ukingo wa paa. Mtoto akaanza kulia kwa njaa. Mke wangu akaingiza mkono upande wa kulia wa begi, bila kutazama, kama alivyozoea. Mkono ukakaa humo.

"Baba Mtoto, themosi iko wapi?"

Nikamwambia imebaki nyumbani. Nafasi ilikuwa haitoshi, na maji kwa mama hayakosekani. Aliinama akatazama ndani ya begi, akatazama nje ambako vijana walikuwa wakivuta antena ya redio, akaelewa. Hakunigombeza mbele ya watu. Alisema polepole, ili nisije nikasema sikusikia:

"Muulize mama kama maji yake yamechemshwa. Kama bado, mwombe sufuria tu. Moto unawaka. Nitachemsha mwenyewe."

Mama alikuwa ameketi kando ya mtungi wake, akiangalia midomo yetu. Mtungi ule aliufinyanga mwenyewe, na majirani walijua kwamba maji yake ni baridi na yana harufu nzuri ya moshi. Kwenye mafiga sufuria ya mboga ilikuwa inaelekea kuiva. Ilikuwa sentensi fupi. Mtoto wa darasa la pili angeweza kuitafsiri. Na nje walikuwa wananiita nije nitafute stesheni.

Nikamuuliza mama, kwa Kijaluo, kama maji yametekwa leo.

Akafurahi kuulizwa. Akasema ameyateka mwenyewe kabla ng'ombe hawajateremka ziwani, tena hakuteka ukingoni, aliingia mpaka magotini, kisha akayachuja kwa kitambaa safi. Alionyesha yote kwa mikono: kuingia, kuinama, kuchuja. Mke wangu alisikia neno moja analolijua, maji, likitajwa mara tatu, akaona mikono ya mama inavyoshughulika. Akanigeukia.

"Anasema nini?"

"Yamechemshwa," nikasema. "Leo asubuhi."

Akamshukuru mama kwa Kijaluo, "Ero kamano," na mama akapiga makofi kwa furaha na kuwaambia majirani kwamba mke huyu atajua lugha upesi. Kata ikaingia mtungini. Mimi nikatoka nje. Nilipata stesheni baada ya dakika chache. Kilikuwa kipindi cha salamu, mtu wa Nakuru anawasalimu shemeji zake. Vijana wakanyamaza kama wanasikiliza habari ya kurudi kwa Bwana Yesu. Nami nilisimama katikati yao, mkono kiunoni. Nikikumbuka ule mkono kiunoni natamani ningekuwepo hapo na umri wangu huu, nikautwanga kwa fimbo.

Mtoto alikunywa maji hayo Jumamosi yote na Jumapili asubuhi. Tulipotoka kanisani alianza kutapika. Kisha akaharisha, maji matupu. Nepi ya kwanza, ya pili, ya tatu, pini zikitoka kwenye sabuni na kurudi kwenye sabuni. Kabla ya saa tisa zote sita zilikuwa zimekwisha. Mama akaingia ndani akatoka na leso yake mpya aliyoivaa kanisani, akaipasua vipande kwa meno. Utosi wa mtoto ulikuwa umebonyea. Alikuwa halii tena, anafungua mdomo tu.

Tulikwenda Kombewa kwa miguu, haraka, kwenye kituo cha afya. Mke wangu alimbeba mtoto mbele, si mgongoni, ili amwone uso. Mama alifuata, mtu mzima aliyekuwa akiumwa goti, na hakubaki nyuma. Mimi nilibeba begi. Lilikuwa na nepi chafu, na lilininukia njia nzima.

Mganga wa zamu alikuwa mtu wa huko huko, wa makamo, mwenye mikono myepesi. Alitafuta mshipa kichwani mwa mtoto, akaupata, akaning'iniza chupa ya dripu. Kisha akauliza kwa Kiswahili mtoto anakunywa maji gani. Mke wangu akamjibu kwamba ni yaliyochemshwa tu, tangu alipoanza maziwa ya kopo, hata jana kwa bibi yake yalikuwa yamechemshwa. Mganga akamgeukia mama na kumuuliza swali hilo kwa Kijaluo. Hakuwa na nia yoyote. Alikuwa anajaza karatasi.

Mama akajibu palepale. "Nani aliniambia nichemshe? Kama mtu angeniambia, ningechemsha. Moto ulikuwa unawaka."

Kalamu ya mganga ikasimama. Hakumtazama mama wala mke wangu. Alinitazama mimi, maana mle chumbani mimi pekee ndiye niliyekuwa nimesimama kati ya wanawake hawa wawili nikijua maneno ya wote. Nilikuwa na nafasi ya kusema mwenyewe. Kama pumzi mbili, tatu. Nikainamisha kichwa, nikatazama viatu vyangu. Ndipo mganga akamwambia mke wangu, kwa Kiswahili na kwa upole kuliko nilivyostahili, kwamba bibi anasema hakuombwa kuchemsha.

Nilingoja mke wangu anipige. Ningeshukuru. Alinyoosha mkono wake mmoja, mwingine ukiwa kwenye mguu wa mtoto.

"Nipe begi," akasema.

Nikampa. Mama akanivuta nje kwa shati kama mtoto wa shule, akataka nimweleze yote, na safari hii nikatafsiri sawasawa, kila neno, pamoja na sufuria iliyoombwa. Nikaongeza kwamba niliogopa asije akaona haya mbele ya majirani.

"Mimi?" akasema. "Mimi niliyezika ndugu zako watatu nione haya kwa sababu ya sufuria? Ungeniambia, ningelichemsha ziwa zima. Usijifiche nyuma ya mtungi wangu."

Binti yangu alipona. Alikaa na dripu siku tatu, siku ya nne akalia kwa sauti, na mganga akasema kilio hicho ndicho alichokuwa akikingoja. Yuko hai, ana wajukuu. Watu hufikiri kwamba hapo ndipo habari inapokwisha, mtoto amepona, Mungu ashukuriwe. Nilifikiri hivyo pia. Kazini niliwasimulia wenzangu jinsi mila zetu zilivyo nzito, jinsi mtu aliyesoma anavyobanwa kati ya mke na mama. Wakanipa pole. Nililisingizia kabila zima kwa ajili ya tofali moja la redio, na nikala pole za watu bila hata kuona haya.

Baadaye niliipeleka redio hiyo kwa mama iwe zawadi. Alinirudishia mlangoni. "Mtu wa kuniambia yasiyohitajika na kunificha yanayohitajika ninaye tayari," akasema.

Mke wangu hakurudi kwao, na hakunisema kwa watu. Alijifunza Kijaluo. Kila mwisho wa mwezi alipanda basi yeye na mtoto, bila mimi, akakaa kwa mama siku mbili tatu. Mwaka haukuisha kabla hajaweza kuzungumza lolote alilotaka. Nikifika huko niliwakuta jikoni wanacheka, nami nikiingia wananikaribisha vizuri, kama mgeni anavyokaribishwa. Hakupitisha tena neno kwa mama kupitia kinywa changu, na mama vivyo hivyo. Nilikuwa mkalimani kwa siku moja na nikafukuzwa kazi. Nilipoliona hilo nilikasirika, na wakati huo, Mungu anisamehe, niliwakasirikia wao.

Tulizaa wengine wanne miaka hiyo. Begi la buluu lilichanika, likaja la kahawia. Nilijaribu kulibeba. Nilijitolea mbele ya watu, wapagazi na wote, wacheke mpaka wachoke. Alinijibu daima kwa adabu kwamba si zito. Sikumwomba msamaha kama inavyotakiwa. Nilimwambia, "Yale yaliyopita tuyasahau," naye akasema ndiyo. Leo yuko kaburini, na neno hilo la kijinga ndilo pekee nililompa.

Siku moja ndiyo nataka kumalizia nayo. Mtoto wa tano alikuwa na miezi sita, siku ya chanjo, na mke wangu alikuwa amelazwa kitandani na malaria, hawezi kuinua kichwa. Mimi nilikuwa nimeketi kwenye kiti, nimeoga, sina kazi siku hiyo. Akamwita jirani, mama mmoja mcheshi wa mlango wa pili, ampangie begi na ampeleke mtoto. Alimtajia vitu kwa Kijaluo, kwa sauti ya mgonjwa, kimoja kimoja, kuanzia nailoni ya chini. Nilivijua vyote. Ningeweza kulipanga begi hilo gizani. Jirani alipofika kwenye themosi aliilaza juu ya nepi.

"Isimame," nikasema. "Upande wa kulia. Leso pembeni yake."

Jirani akaangua kicheko, akasema kumbe karani naye anajua mambo ya wanawake. Akaisimamisha. Mke wangu alikuwa amenigeukia. Akasema, "Asante, Baba." Kisha akamwambia jirani, kwa upole, bila kuniondolea macho:

"Fungua kizibo, mama, uone kama ina maji."

Jirani akafungua. Mvuke ukatoka.